Anstey au McAllister: mhariri anayetaka kuwa mtayarishaji aanze na yupi?

Dada mmoja ninayekaa naye chumba kimoja cha uhariri aliniuliza mwezi uliopita: "Kaka, nimechoka kukata picha za watu wengine. Nataka nitayarishe filamu zangu, zile za hali halisi, zinazogusa maisha ya watu. Nisome kazi za nani?" Nikamtajia Waingereza wawili wa zamani. Akasema wawili ni wengi, ana mtoto mdogo na kazi za harusi zimejaa mpaka Desemba, nimchagulie mmoja. Nikamwomba wiki moja. Haya ndiyo niliyomwandikia, nimeyaongezea nyama kwa ajili ya wengine waliosimama njia panda kama yeye.

Wawili wenyewe ni Edgar Anstey na Stewart McAllister. Wote walianza na mkasi, yaani kwenye meza ya uhariri. Wote walipitia kitengo cha filamu alichokianzisha John Grierson, yule Mskoti aliyeamini kwamba kamera ina kazi ya kumwonyesha raia nchi yake. Wote walikuja kufanya kazi chini ya paa moja katika miaka ya 1950, British Transport Films, kitengo kilichotengeneza filamu za reli na usafiri wa umma. Kabla ya hapo, lakini, njia zao zilikuwa zimeachana kabisa, na mmoja aliwahi kuishambulia hadharani kazi bora ya mwenzake. Nitafika huko, maana hapo ndipo penye somo kubwa.

Kwanza uwajue. Anstey alizaliwa Watford mwaka 1907. Aliingia kwa Grierson mwanzoni mwa miaka ya 1930, wakati kitengo kikiwa bado cha Empire Marketing Board, bodi ya kutangaza bidhaa za dola ya Uingereza. Huko alihariri picha zilizopigwa na wenzake. Mojawapo ni Granton Trawler ya mwaka 1934, kuhusu meli ya uvuvi katika Bahari ya Kaskazini. Grierson alipiga picha mwenyewe, Anstey akazipanga. Mwaka huohuo 1934 akaanzisha kitengo cha filamu cha kampuni ya mafuta ya Shell. Mwaka 1935, pamoja na Arthur Elton, akatoa Housing Problems, filamu ya robo saa hivi kuhusu nyumba mbovu za Stepney, mashariki mwa London. Yaani hakukaa mezani hata miaka mitano.

McAllister alizaliwa mwaka 1914 Wishaw, Uskoti, akasomea sanaa Glasgow. Rafiki yake wa chuoni alikuwa Norman McLaren, ambaye baadaye alijulikana duniani kwa filamu za katuni alizotengenezea Kanada. McAllister alifika kwenye kitengo hicho kikiwa kimehamishiwa Posta ya Uingereza, na yeye mezani hakuondoka. Vita ilipokuja, kitengo kikageuzwa kuwa Crown Film Unit, na mikono yake ikapita juu ya London Can Take It! ya mwaka 1940, Target for Tonight ya 1941, Fires Were Started ya 1943. Lakini jina lake limebaki hasa kwa ajili ya Listen to Britain ya mwaka 1942, kama dakika 20, ambayo yeye na Humphrey Jennings wanatajwa pamoja kuwa waongozaji na wahariri. Mhariri kuandikwa sawa kwa sawa na mwongozaji! Ukiwa umewahi kukesha siku tatu ukiokoa filamu ya mtu, kisha jina lako likapita kwenye skrini kama upepo, utajua kwa nini nimeweka alama ya mshangao.

Sasa tuziweke filamu hizo mbili ubavu kwa ubavu, kwa sababu kumchagua mtu hapa ni kuichagua filamu yake.

Nani anasema?

Katika Housing Problems wanasema wapangaji. Leo hilo halimshtui mtu. Mwaka 1935 lilikuwa jambo zito, kwa sababu filamu nyingi za aina hii zilikuwa na msimulizi mmoja msomi, sauti imenyooka, anamweleza mtazamaji maskini ni mtu gani. Vifaa vya kurekodi sauti vilikuwa vizito na vilihitaji gari la kuvibeba. Anstey na Elton wakavipeleka mpaka ndani ya vyumba vya Stepney, wakawasimamisha watu mbele ya kamera, wakawaacha waongee kwa lafudhi yao. Baba mmoja anasema analipa shilingi 10 kwa wiki kwa vyumba viwili vilivyojaa kunguni, panya wadogo na panya wakubwa. Mama mwingine anasimulia kisa cha panya kwa namna ambayo jirani yako angekusimulia mkiwa bombani. Anatazama kamera moja kwa moja. Hajui afanye nini na mikono yake. Mhariri asiye na subira angemkata. Wao walimwacha.

Aliyewatuliza watu wale alikuwa Ruby Grierson, dada yake John, aliyefanya kazi kama msaidizi. Inasimuliwa kwamba aliwaambia kamera ni yenu na kipaza sauti ni chenu, sasa waelezeni hao wakubwa ilivyo kuishi humu. Alitumia neno kali zaidi ya "wakubwa". Dada yangu, uliyeniuliza swali, hapa ndipo pa kupigia mstari. Utayarishaji huanzia kwenye uamuzi wa nani umtume akabishe hodi. Ungemtuma karani mwenye daftari, ungerudi na filamu ya karani.

Siwezi kuutaja mwaka 1935 bila kukumbuka jambo la kwetu. Mwaka huo huo, Vugiri, juu kwenye milima ya Usambara, yalianza Majaribio ya Sinema ya Elimu kwa Wabantu, yaliyoongozwa na Waingereza na kuendelea mpaka 1937. Walipiga filamu za kilimo na afya humu Tanganyika na nchi jirani, na maelezo yakarekodiwa kwenye santuri kwa lugha mbalimbali, Kiswahili kikiwemo, yachezwe picha inapopita. Kule Stepney mpangaji alipewa kipaza sauti aseme shida yake. Huku mkulima alionekana kwenye picha, na sauti ikatoka kwenye sahani. Dola moja, mwaka mmoja. Nikiitazama Housing Problems huwa nalifikiria hilo kila mara, na naumia.

Katika Listen to Britain hakuna anayekuhutubia. Msimulizi hayupo, mahojiano hayapo. Unasikia ndege za kivita zikipita juu ya mashamba ya ngano, viatu vya wachezaji dansi kwenye ukumbi wa Blackpool, watoto kwenye uwanja wa shule, mashine za kiwandani na muziki wa redio unaopigiwa wafanyakazi. Wachekeshaji wawili, Flanagan na Allen, wanaimba kwenye kantini ya kiwanda huku watu wakila. Kisha, kabla hujajua kimetokea nini, uko National Gallery ya London na mpiga piano Myra Hess anapiga Mozart, malkia akiwa ameketi katikati ya watazamaji kama mama yeyote aliyepita wakati wa chakula cha mchana. Wimbo wa kantini na piano ya Mozart vimeunganishwa kana kwamba ni kitu kimoja kilichoendelea. Hakuna mtu anayesema "sisi sote ni wamoja". Mkato ndio unaosema.

Mimi nimekata na kuunga picha kwa miaka mingi, na bado naurudia mpito ule nikijaribu kuona mshono ulipo. Namna yake ya kufanya kazi naielewa hivi: sauti haisubiri picha iishe. Inatangulia au inachelewa, kwa hiyo sikio linakuwa limeshahamia chumba kingine macho yakiwa bado kwenye kantini. Wengi wetu tulifundishwa mbinu hiyo kama hila ya kuficha mikato mibaya. Kwa McAllister ndiyo maana yenyewe ya filamu.

Nani analipa?

Hapa Anstey anashinda waziwazi, na kama lengo lako ni utayarishaji usiruke sehemu hii. Housing Problems ililipiwa na British Commercial Gas Association, chama cha makampuni ya gesi. Kwa nini wauza gesi walipie filamu ya kunguni? Kwa sababu mabanda yakivunjwa na maghorofa mapya yakijengwa, kila jiko jipya litahitaji moto, na umeme ulikuwa mshindani mwenye nguvu. Anstey na Elton waliona kwamba faida ya mdhamini na haja ya mpangaji zimekutana jikoni. Kwa hiyo walipata fedha, na katika filamu yenyewe gesi inatajwa kidogo sana. Mwaka uliofuata, 1936, Anstey akarudi kwa wadhamini wa gesi na Enough to Eat?, filamu kuhusu lishe iliyojengwa juu ya utafiti wa John Boyd Orr kuhusu chakula, afya na kipato, akimweka mwanasayansi Julian Huxley mbele ya kamera. Mwenye kampuni ya gesi analipia filamu inayosema kwamba Waingereza wengi hawali vya kutosha kwa sababu hawana fedha. Huo ni ustadi wa mtayarishaji.

Lakini gharama yake ipo, nayo iko ndani ya filamu, ukiitazama kwa makini utaiona. Diwani wa Stepney anafungua mazungumzo na kuyaongoza. Wapangaji wanaeleza mateso. Wataalamu wanaonyesha mifano ya majengo mapya na kuleta jibu. Wamiliki waliokuwa wakipokea zile shilingi 10 kila wiki hawaulizwi lolote. Wakosoaji wa baadaye walisema filamu hii ilianzisha desturi ya kumwonyesha maskini kama mhanga tu, mtu wa kuhurumiwa kisha kuondolewa njiani. Nakubaliana nao kwa sehemu. Yule mama wa kisa cha panya hakunipa hisia ya mhanga hata kidogo. Ana hasira, ana ucheshi, anajua kusimulia kuliko diwani. Ila ni kweli kwamba hakuulizwa angependa nyumba ya namna gani.

Kwa McAllister suala la fedha ni fupi: ililipa serikali kupitia Wizara ya Habari, nchi ikiwa vitani. Hutajifunza kwake namna ya kumshawishi mdhamini.

Siku walipogongana

Wakati wa vita Anstey aliandika uhakiki wa filamu katika jarida la The Spectator. Listen to Britain ilipotoka mwaka 1942 aliiandikia maneno makali. Alisema tangu enzi za Nero haujaonekana upigaji fidla wa namna hiyo, akimaanisha yule mfalme wa Roma anayesemwa alicheza muziki mji wake ukiungua. Akaonya kwamba itakuwa balaa filamu hiyo ikipelekwa ng'ambo. Ng'ambo ilipelekwa, ikiwa imeongezewa utangulizi wa Mkanada aitwaye Leonard Brockington aliyemweleza mtazamaji atasikia nini, kana kwamba kulikuwa na hofu kuwa hataelewa.

Namwelewa Anstey. Mtu aliyeingia vyumba vya Stepney, mabomu yakiwa yameshaangukia mitaa ileile, anaonyeshwa Mozart na dansi. Anauliza: hasira iko wapi, hoja iko wapi? Kwake filamu isiyodai kitu ilikuwa imejificha. Lakini alikosea. Helen de Mouilpied, aliyesimamia maonyesho ya filamu za wizara nje ya majumba ya sinema, alikumbuka baadaye onyesho katika kiwanda kimoja cha katikati ya Uingereza ambapo wafanyakazi kama 800 waliipigia makofi na kukanyaga sakafu kwa furaha. Watu ambao Anstey alidhani anawatetea walikuwa wameusikia ujumbe bila kuambiwa. Walisikia mashine zao, redio yao, kantini yao, zikipewa heshima ileile aliyopewa Mozart. Mimi hilo naliita dhamira ya kijamii bila kusitasita.

Halafu maisha yakafanya yake. Crown Film Unit ikafungwa mwaka 1952, na McAllister akaenda British Transport Films, kitengo ambacho Anstey alikuwa mkuu wake tangu kianze mwaka 1949. Huko McAllister akawa mhariri na pia mtayarishaji, mpaka kifo chake mwaka 1962, akiwa na umri wa miaka 47. Mwanamume aliyeiita filamu yake upigaji fidla ndiye aliyempa meza na kiti. Sitii chumvi kwa kudhani walichoambiana siku ya kwanza. Natosheka na kwamba mlango ulifunguliwa.

Anstey aliongoza kitengo hicho mpaka 1974. Chini yake John Schlesinger alitengeneza Terminus mwaka 1961, kuhusu siku moja katika stesheni ya Waterloo, na Geoffrey Jones akatengeneza Snow mwaka 1963, filamu fupi ya treni kwenye theluji inayoendeshwa na mdundo na mikato tu, bila msimulizi wala neno. Ukiiona Snow utajiuliza kama huyu ndiye yule mhakiki wa mwaka 1942. Filamu nyingine ya kitengo chake, Wild Wings, ilipata tuzo ya Oscar.

Usidhani hata hivyo kwamba kiti cha mtayarishaji kilimfanya malaika. John Krish alitumwa kupiga picha za sherehe tu ya tramu za mwisho za London mwaka 1952. Akapiga zaidi ya alichoagizwa, akapata The Elephant Will Never Forget, filamu inayopendwa mpaka leo. Krish mwenyewe alisimulia kwamba Anstey alimfukuza kazi kwa kukaidi. Ndivyo kiti kilivyo: uliyekuwa ukiilaani bajeti sasa ndiye unayeilinda, na siku nyingine utalinda bajeti dhidi ya kitu kizuri.

Basi uchague yupi?

Kama una simulizi ya watu wenye shida inayotajika, ambao wako tayari kuongea, na kinachokukwamisha ni fedha na woga wa kwenda kwa mwenye fedha, chagua Anstey. Housing Problems ni ya zamani, picha zake zimesimama kama picha za pasipoti, lakini kila tatizo la mtayarishaji wa leo limo: mdhamini mwenye ajenda, kiongozi wa mtaa anayetaka aonekane kwanza, mama mwenye maneno mazuri kuliko wote ambaye muda wake ni mfupi.

Kama simulizi yako haina msemaji, kama ni ya mahali, kazi za mikono, wakati fulani unaopita, au kama una saa 40 za picha na hujui filamu iko wapi, chagua McAllister. Pia umchague kama unajifariji kwamba ukiitwa prodyuza ndipo utaanza kuwa na sauti. Yeye alikuwa na sauti akiwa bado mezani. Dai Vaughan, mhariri mwenzake wa kizazi kilichofuata, aliandika kitabu kizima mwaka 1983 kuhusu maisha yake ya kazi, kwa sababu aliona mchango wa mhariri unamezwa na jina la mwongozaji.

Na kama una kikundi cha watazamaji na jioni moja tu? Onyesha Housing Problems. Baada ya Listen to Britain watu hukaa kimya, na ni kimya kizuri, lakini mjadala huchelewa kuanza. Baada ya Housing Problems mtu atasimama kabla taa hazijawashwa akuambie habari za mwenye nyumba wake.

Kwa dada yangu jibu lilikuwa Anstey. Mkasi anaujua tayari, pengine kuliko mimi. Asichokijua ni kuingia ofisini kwa mtu mwenye fedha na kutoka na filamu yake ikiwa bado nzima. Nilimpa na kazi ya kufanya nyumbani mtoto akilala: aitazame Housing Problems mara mbili, mara ya pili akiwa na kalamu, aandike kila mahali mpangaji anapokatwa, na ni nani anayeingia baada yake. Juzi aliniletea karatasi. Pembeni alikuwa ameandika kwa herufi kubwa: DIWANI TENA.

Chini yake aliniuliza kama ile nyingine, ya yule wa Wishaw, anaweza kuisikiliza tu bila kuitazama, akiwa anasafisha sauti za harusi. Nikamwambia ndiyo, aanze hivyo hivyo.